Vitambaa Vyekundu kwenye Mstari wa Shija

Vijana wenzangu wa kituo cha utafiti wa kilimo, siku mliponiaga kwa soda na biskuti mliniambia nisiondoke na kila kitu kichwani. Sasa niko hapa Ngokolo kwa mdogo wangu Minza, macho bado yanaona na mkono haujaanza kutetemeka, kwa hiyo naandika. Habari za vyeo na mishahara sitaziweka. Kwanza hazikuwa nyingi, pili ziko ofisini. Nitaeleza jinsi tulivyofanya kazi, na jinsi ulivyopatikana ule mtama ambao ninyi mnauita kwa namba na wakulima wanauita wa Shija. Shija mwenyewe mnamjua. Ni yule mzee anayeleta maziwa, kisha anakaa kwenye benchi la stoo mpaka mnafunga mlango.

Nilianza kazi miaka michache baada ya Uhuru, nikiwa bado msichana. Nilikuwa nimeishia darasa la nne. Baba alifariki wakati wa kupanda, mama akamfuata kabla ya mavuno, nikabaki mimi mkubwa na wadogo wawili, Masanja na Minza. Nyumba yetu ilikuwa upande wa Tinde, na ng'ambo ya njia aliishi baba mdogo. Matanga yalipokwisha alisema watoto wagawanywe: Masanja aende kwake kuchunga, Minza apelekwe kwa shangazi Kahama. Mimi nilikataa.

"Wewe ni nani wa kukataa?" akaniuliza mbele ya watu.

"Mimi ni dada yao."

Baba mdogo hakuwa mtu mbaya. Alikuwa na watoto wengi na shamba dogo, na alijua sheria za ukoo kuliko mimi. "Haya," akasema. "Kaa nao. Lakini siku ghala la kaka yangu likikauka, nitakuja kuwachukua, na siku hiyo sitaki maneno."

Basi hiyo ndiyo iliyonileta kituoni. Sikuja kwa sababu ya kupenda sayansi. Nilisikia wanatafuta watu wa kuamia ndege.

Nyapara wa shamba alikuwa Mzee Luhende, mtu mwembamba aliyevaa kofia ya pama mpaka ndani ya nyumba. Nilimwamkia, akaitikia, akaniuliza jina.

"Kabula."

Alicheka mpaka akashika mti. Kwa wasiojua Kisukuma, Kabula ni jina la mtoto wa kike aliyezaliwa mvua zikinyesha. "Tunatafuta mtama wa kuvumilia jua," akasema, "wanatuletea mvua! Haya, Mvua, chukua debe na fimbo. Kwelea akitua hapa, wewe ndiye uliyemkaribisha."

Msimu wa kwanza nilipiga debe na kurusha mawe kwa teo. Msimu wa pili Mzee Luhende alinipa kibano, akanifundisha kazi yenyewe, ya kuozesha mtama mmoja na mwingine. Nawaandikia alivyoniambia, maana bado ni kweli. Mtama hauchanui wote kwa siku moja. Unaanzia kichwani na kushuka kidogo kidogo, kwa hiyo lazima uje kila siku, hata siku ya sikukuu. Mchana unatoa vifuko vya chavua kwenye maua ya mama, kimoja kimoja, bila kukipasua. Ukikipasua, umeshamwozesha bila mahari. Halafu unafunika suke kwa mfuko wa karatasi. Asubuhi umande ukianza kuondoka, unaleta chavua ya baba mtarajiwa, unaipukuta mle ndani, unafunika tena na kuandika. Mifuko ya karatasi ikikosekana, mtashona ya mifuko ya saruji kama tulivyofanya sisi, ila mkung'ute vizuri. Mtama hauoti suke la zege.

"Nawa mikono," Mzee Luhende aliniambia kila mara nilipotoka mstari mmoja kwenda mwingine. Mpaka leo nikitoka jikoni kwenda sebuleni nanawa. Minza ananicheka.

Mtafiti wetu wakati huo alikuwa Bwana Kimaro. Alitoka mlimani huko Kaskazini, kwao maji yalipita nyuma ya jiko, na siku zake za kwanza Shinyanga alishangaa mtu anavyoweza kuoga kwa maji ya kikombe. Lakini alikuwa na moyo wa kujifunza. Alichanganya mitama ya kienyeji, ile mirefu inayochelewa kukomaa lakini unga wake mweupe, na mifupi iliyoletwa kutoka mbali, inayowahi lakini ugali wake unakwama kooni. Watoto wa ndoa hizo alipanda shamba zima, kila mmea na sura yake. Mvua ilipokatika, sisi tulianza kubeba ndoo kutoka lambo.

"Mnakwenda wapi?" akatuuliza.

"Kumwagilia, Bwana. Vinakufa."

"Viacheni vife."

Tulidhani jua limemwingia. Akaeleza kwamba hatuwezi kujua nani anavumilia kiu kama tunampa kila mtu maji. Halafu akatufundisha jambo ambalo naomba mlishike: msikague shamba la ukame asubuhi. Asubuhi kila mmea ni mzima, usiku umeupumzisha. Nendeni saa nane mchana, jua likiwa kali, nanyi mtaona nani amejikunja majani kama sigara na nani bado amekaa wazi. Tulizunguka hivyo wiki nzima na nyingine ikafuata. Mimea mingi ilikauka kuanzia chini. Michache, mmoja hapa mmoja kule, ilisimama tu na majani yake ya kijani, haikui wala haifi, kama mtu aliyekaa stendi ambaye ana hakika basi litakuja.

Hiyo ndiyo tuliyoitaka. Bwana Kimaro alisema tuitie alama kabla ya mvua kurudi, kwa sababu mvua ikirudi yote itachipua na hatutajua tena ipi ilikuwa ipi. Stoo haikuwa na utepe. Nilikuwa na khanga nyekundu ya marehemu mama, iliyochakaa hata kwa kubebea kuni haikufaa. Niliichana vipande vyembamba, na mimi na Mzee Luhende tukafunga kitambaa kwenye shina la kila mmea uliosimama. Tulimaliza jioni, na mawingu yalikuwa yameshaanza kujikusanya upande wa ziwa.

Mvua ilinyesha, mtama ukachipua wote, na magugu yakachipua zaidi. Vibarua walikuwa kwenye pamba zao. Bwana Kimaro alikuwa ameitwa kikaoni Mwanza, na kabla ya kuondoka alikubali tuite kikundi cha kulima kwa ngoma. Ninyi mmeviona vikundi hivi kwenye sherehe tu. Wakati ule vilikuwa vinalima kweli, wanaume wamejipanga, kila mmoja na mstari wake, ngoma nyuma, na manju, yaani kiongozi na mwimbaji wao, anawapandisha mori. Atakayebaki nyuma ataimbwa mwaka mzima. Malipo yao yalikuwa fahali na uji. Asubuhi hiyo Mzee Luhende alikwenda kumleta fahali, na mimi na wanawake wengine tukaenda lambo kuchota maji ya uji. Hakuna aliyebaki wa kuwaeleza vitambaa ni vya nini. Hatukufikiri kwamba vinahitaji maelezo.

Niliporudi na ndoo kichwani, niliwasikia wanaimba kwa nguvu kuliko nilivyowaacha, na moshi ulikuwa unanuka nguo. Manju alinijia anatabasamu, jasho linamtiririka.

"Dada, tushukuru sisi. Shamba lenu lilikuwa limefungwa."

"Limefungwa vipi?"

"Wale wapinzani wetu wa ng'ambo ya reli. Walisikia tunakuja, wakatutegea dawa. Vitambaa vyekundu kila mahali, ili mikono yetu ichoke na wao watucheke. Nimewaambia vijana kila mmoja atoe vya mstari wake. Tumevichoma vyote."

Nilishusha ndoo. Hata hasira sikuwa nayo, maana mtu yule alikuwa amejiona ametuokoa. Kila mkulima wa ngoma alijua kwamba mpinzani hutega dawa shambani. Nilitazama mistari: misafi, mizuri, ya kijani yote sawa. Kazi ya msimu na khanga ya mama vilikuwa majivu chini ya sufuria ya uji.

Kisha nikasikia kicheko. Wenzake wote walikuwa wamemaliza na kukaa chini, na katikati ya shamba mtu mmoja alikuwa bado anainuka na kuinama.

"Shija, tukuletee uji huko huko?"

"Shija, mkeo amejifungua! Mtoto ameshaanza kutembea, baba bado yuko mstarini!"

Nilimfuata. Nilipofika karibu niliona kwa nini amechelewa. Kila penye kitambaa alikuwa ameacha duara la magugu, ukubwa wa ungo, na ndani ya duara mtama umesimama na kitambaa chake kiunoni. Alikuwa anazunguka kila kimoja kwa ncha ya jembe, kama mtu anayepita karibu na nyoka aliyelala.

"Kaka Shija, wewe hukuvitoa?"

Alinong'ona ili wenzake wasimsikie. "Dada, mimi nina mama mzee nyumbani ananitegemea. Sigusi kitu nisichokijua. Wao wana kinga zao, mimi sina. Nimevikwepa."

"Umefanya vizuri. Usiviguse kabisa."

"Ni vikali?"

"Vikali sana," nikamwambia. "Na hayo magugu yaache. Nitayang'oa mwenyewe."

Bwana Kimaro aliporudi na kuona shamba, alikaa chini kwenye tuta na suruali yake ya kikaoni. Mzee Luhende alivua kofia, jambo ambalo sikuwa nimeliona. Nikawapeleka kwenye mstari wa Shija. Mimea yenyewe ilikuwa ya kuhesabika kwa vidole, lakini ilikuwepo. Bwana Kimaro aliihesabu, kisha akasema, "Mpelekeeni huyo bwana sukari nyumbani kwake. Na mwambieni mama yake nashukuru kwa malezi." Tangu siku hiyo ikawa desturi ya kituo: kabla ya jembe la kwanza kushuka, manju anaitwa, anaonyeshwa kila alama na kuambiwa kazi yake. Nasikia siku hizi mnaruka hatua hiyo. Msiiruke.

Masuke ya mimea hiyo tuliyafunika, tukapanda mbegu zake msimu uliofuata, tukachagua tena, na tena. Tuliiacha na kiu kila mwaka. Ilichukua misimu mpaka watoto wakafanana na wakawa kabila moja. Mwishowe Bwana Kimaro akatafuta wakulima wa kuujaribu kwenye mashamba yao. Alizunguka na Land Rover mpaka likagoma. Watu walimkaribisha, wakampa maziwa, wakamwambia mtama ni wa pombe na wao ni watu wa mahindi.

Nyumbani kwetu mambo yalikuwa mabaya. Mahindi yalikuwa yameungua mwaka uliopita, ghala lilikuwa na michembe tu, ile ya viazi vya kukausha, nayo ilikuwa chini. Masanja sauti ilikuwa imeshakuwa nzito. Baba mdogo alikuja asubuhi moja, akakaa, akakataa maji.

"Kabula, mwanangu, nimevumilia. Kuna mtu wangu Geita. Mgodi wa zamani umefungwa lakini watu wanachimbachimba, na anataka vijana wa kushuka mashimoni. Msimu huu ghala likibaki hivi, Masanja atakwenda naye. Minza atakwenda kwa shangazi yake. Hilo tulishakubaliana."

Ni kweli, tulikuwa tumekubaliana.

Nilimwomba Bwana Kimaro mbegu za shamba lote la baba. Mzee Luhende alinivuta pembeni. "Mvua, usiwe mjinga. Panda nusu. Nusu weka mahindi, kama mtu mwenye akili."

"Mvua ikikatika, mzee, nusu ya mahindi itanisaidia nini?"

"Na isipokatika?"

"Basi tutakula mtama na mvua inanyesha. Hakuna ubaya."

Alitikisa kichwa, lakini Jumamosi alikuja na jembe lake, tukapanda pamoja.

Mvua ilianza vizuri, ikawadanganya watu. Mahindi ya baba mdogo yalipanda kwa haraka na mtama wetu ulibaki magotini. Kisha mvua ikakatika. Mahindi yalikuwa yanatoa mbelewele, wakati mbaya kuliko wote wa kukosa maji, na ndani ya wiki chache ungeweza kusikia majani yake yakigongana kama karatasi. Mtama wetu uliacha kukua, ukasimama. Kila saa nane mchana, siku ambazo sikuwa kituoni, niliusimamia na mimi.

"Huo mtama wenu umelala," baba mdogo alisema akipita.

Masanja akamjibu kabla yangu, "Umelala, baba mdogo. Haujafa." Nikamkanya kwa utovu wake wa adabu, lakini moyoni niliandika jibu hilo.

Mtu wa Geita akaja. Alivaa viatu vya mpira na alikuwa na jino la dhahabu, na alimzunguka Masanja kama anayenunua ng'ombe. "Dogo ana mwili wa shimo huyu," akasema. "Mabega membamba, atapita popote. Mwisho wa mwezi ninakuja kumchukua." Minza aliingia ndani na hakutoka mpaka mgeni alipoondoka. Masanja alifunga kifurushi chake siku hiyo hiyo, akakiweka nyuma ya mlango. Hakulalamika. Hilo ndilo lililoniumiza.

Mvua moja ilikuja, ya kuchelewa, ya mchana mmoja na sehemu ya jioni. Kwa mahindi ilikuwa maji ya kuoshea maiti. Mtama uliamka, ukapanda, ukatoa masuke kama kwamba hakuna kilichotokea. Nimeona mengi shambani, lakini asubuhi zile nilikuwa naamka na kwenda kuugusa tu.

Masuke yalipoanza kujaa, ndege nao wakaja, maana wilaya nzima hawakuwa na pengine pa kula. Tulijenga kichanja cha miti katikati ya shamba, na Masanja akahamia juu na teo lake. Mimi na Minza tulipiga madebe pembeni. Ilikuwa kazi yangu ya kwanza kituoni, na sasa nilikuwa ninaifanya kwa ajili ya nyumba yangu.

Mtu wa Geita aliporudi alitukuta hivyo. Baba mdogo alikuwa naye. Walisimama ukingoni, na mgeni akaita, "Dogo! Shuka twende!"

"Shikamoo," Masanja akajibu kutoka juu, teo linazunguka. "Siwezi kushuka. Ndege watakula."

Mgeni alicheka na kumgeukia baba mdogo ili atoe amri. Baba mdogo hakuwa anamtazama. Alikuwa ameshika suke moja, analipima kiganjani, halafu jingine. Aliingia mstari wa pili, wa tatu, akatoka upande wa pili. Aliporudi alimwambia mgeni neno moja tu, "Kijana ana kazi." Kisha akaniuliza kama tuna debe la tatu, akatusaidia kuamia mpaka jua likazama.

Minza ndiye aliyetwanga mtama wa kwanza. Nilimwogopa yeye kuliko Bwana Kimaro. Alipika, akakata tonge, akalibonyeza na kulitazama. "Haubomoki," akasema. "Na ni mweupe." Baba mdogo alikula nasi. Siku chache baadaye alikuja na kikapu, akakaa, na safari hii alikunywa maji.

"Kabula. Naomba mbegu."

Nilimjazia. Alipiga makofi taratibu kwa mikono miwili kama anavyopokea mtu kutoka kwa mkubwa wake, akasema, "Wabeja," ndiyo asante ya Kisukuma. Nami nikapiga goti, kwa sababu bado alikuwa baba yangu.

Baada ya hapo mtama haukuhitaji Land Rover. Watu walipohamishiwa vijiji vya ujamaa, kila aliyefunga mizigo alifunga na mbegu, na waliouliza unaitwaje waliambiwa hadithi ya mstari wa Shija. Namba yenu haikupata nafasi. Mzee Luhende alifariki akiwa bado kazini, kofia kichwani. Bwana Kimaro alirudi kwao kwenye maji. Kila nilipofundisha kijana kushika kibano, nilisikia sauti zao mdomoni mwangu.

Masanja alikwenda Geita baadaye, akiwa mtu mzima, kwa miguu yake mwenyewe. Hashuki mashimoni, anawauzia nafaka wanaoshuka. Mwezi uliopita mimi na Minza tulikwenda kumtembelea, akatupeleka kwa mama ntilie wake sokoni. Tulikula sahani moja, sisi watatu, kama nyumbani. Nilipobonyeza tonge nikamwuliza yule mama ni unga gani.

"Huo wa Shija, mama. Hapa wachimbaji hawataki mwingine."

"Shija ni nani?"

Alinishangaa. "Humjui? Alikuwa mlimaji wa ngoma huko Shinyanga. Wanasema hodari kuliko wote, alikuwa anawaacha wenzake wote nyuma."

Masanja alipaliwa mpaka Minza akampiga mgongoni. Mimi sikumsahihisha yule mama.

Niliporudi nilimweleza Shija pale kwenye benchi la stoo. Alifikiri kwa muda mrefu, kama anavyofanya kila kitu. "Na wewe ukanyamaza?"

"Nikanyamaza."

"Vizuri," akasema. Halafu, polepole, "Lakini, dada, vile vitambaa. Tangu siku ile sijathubutu kuuliza. Vilikuwa dawa ya nani?"

Nilimwambia ilikuwa khanga ya mama yangu. Alivua kofia, akaiweka magotini.

"Basi nilifanya vizuri kutoigusa," akasema.

Alifanya vizuri. Angekuwa jasiri siku ile, sahani ile ya Geita isingekuwa na mikono mitatu. Kesho akileta maziwa, msifunge mlango wa stoo haraka.